Walipiga makofi, kisha wakachagua mchepuo mwingine: uchambuzi wa kisa cha darasa moja la fizikia

Kisa hiki kilitokea katika shule niliyofundisha. Jina la shule, mahali ilipo, mwaka na majina ya wahusika nimeyaacha, na vijambo vidogo vinavyoweza kumtambulisha mtu nimevibadilisha. Mwalimu anayekosea humu ni mimi mwenyewe, kwa hiyo huyo sikujitahidi sana kumficha.

Usuli

Ni shule ya sekondari ya mchanganyiko. Kuna maabara moja ya fizikia, na vifaa vyake vinatosha benchi kumi na moja za wanafunzi wannewanne. Mwishoni mwa mwaka ninaouzungumzia, wanafunzi wa umri wa miaka 14 hadi 15 huchagua mchepuo: sayansi, biashara, au lugha na sanaa. Anayeiacha fizikia hapo ndiyo ameiacha, maana mlango wa kurudi ni mwembamba mno.

Darasa lenyewe lilikuwa na wanafunzi 44, wasichana 21. Mwaka uliotangulia, darasa la ukubwa huohuo lilikuwa limetoa wanafunzi 7 tu wa mchepuo wa sayansi. Katika kikao cha walimu kila mtu alikuja na maelezo yake mfukoni. Mmoja alisema watoto wa siku hizi ni wavivu. Mwingine akailaumu simu. Mimi nilisema somo linawachosha, na kwa kuwa nilisema kwa sauti kuliko wengine, maelezo yangu ndiyo yaliyopita. Tukakubaliana kulichangamsha somo.

Hakuna aliyependekeza tuwaulize wanafunzi kwanza. Au niseme, tuliwauliza, ila kwa namna isiyoweza kutupa jibu.

Mfululizo wa matukio

Mwanzoni mwa muhula wa kwanza niligawa dodoso lenye sentensi ishirini. Mwanafunzi alitakiwa kuweka alama kuanzia "nakubali kabisa" hadi "nakataa kabisa". Sentensi zilikuwa za kila aina: sayansi ni muhimu kwa jamii, nafurahia vipindi vya fizikia, ningependa kufanya kazi ya sayansi, wanasayansi ni watu wa kawaida. Waliandika majina yao juu ya karatasi, nami nikiwa nimesimama mbele ya darasa. Nikajumlisha alama zote nikapata wastani mmoja kwa kila mwanafunzi. Wastani ulikuwa mzuri. Nilitoka nikiamini kwamba darasa linaipenda sayansi, na kwamba kazi iliyobaki ni kuchochea moto uliokwisha kuwaka.

Muhula wa pili tukafanya wiki ya sayansi. Mkuu wa shule aliitaka na mimi niliitaka zaidi. Siku ya kwanza mwenzangu wa kemia alimimina haidrojeni peroksaidi yenye sabuni na rangi kwenye chupa ndefu, akatia potasiamu iodaidi, na povu likafoka likavuka ukingo wa meza. Shule nzima ilipiga makofi. Siku zilizofuata ilikuwa hivyohivyo: cheche, moshi, sumaku, puto. Nilifurahi mno. Wanafunzi waliokuwa wakisinzia kipindi cha mwisho walikuja kugombea viti vya mbele.

Wiki tatu baadaye niliwauliza lile povu lilitokana na nini. Karibu wote walikumbuka lilikuwa la kijani na kwamba lilimrukia mwalimu wa kemia mkononi. Waliokumbuka kwamba peroksaidi ilikuwa ikivunjika kuwa maji na oksijeni, na kwamba ile iodaidi ilikuwa kichocheo tu, walikuwa wawili. Niliona ni jambo la kuchekesha, nikaendelea na ratiba.

Mwisho wa mwaka fomu za uchaguzi zikarudi. Kati ya 44, waliochagua sayansi walikuwa 6. Msichana alikuwa mmoja.

Nakumbuka nikizihesabu mara ya pili nikidhani kuna fomu zilizobaki ofisi ya taaluma. Hazikubaki.

Maamuzi na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ulikuwa wa kunyamaza, na ulinigharimu kuliko yote yaliyofuata. Mkuu wa shule alitaka tuwaite wanafunzi tuwashawishi wabadilishe fomu. Nilikataa, kwa sababu ningekuwa nabishana na watu ambao sijui wanapinga nini. Nikaomba muda wa kuwasikiliza kabla darasa la nyuma yao halijafika hatua hiyohiyo.

Wa pili ulihusu nani asikilize. Mwalimu anayesahihisha mtihani wako hawezi kukuuliza kama unalipenda somo lake akategemea ukweli. Tulimwomba mkutubi azungumze na wanafunzi mmojammoja, dakika kumi, bila kuandika majina. Alikuwa na maswali matatu tu: siku gani uliipenda fizikia, siku gani uliichukia, na nani darasani anafaa kuwa mwanasayansi. Swali la mwisho lilikuwa lake. Mimi nisingelifikiria, na ndilo lililofungua kila kitu.

Waliotajwa kuwa wanafaa walikuwa wavulana watatu, haohao, kila mara. Mmoja wa hao watatu mwenyewe alikuwa amechagua lugha. Sababu zilizotolewa ni kwamba wanajibu haraka na hawakosei. Karibu hakuna aliyesema anaichukia sayansi. Walisema ni nzuri, ni muhimu, ina faida. Halafu wakaongeza, kwa maneno tofauti, kwamba si yao.

Sambamba na mazungumzo hayo niliwapa karatasi tupu nikawaambia wachore mwanasayansi akiwa kazini. Zoezi hili ni la zamani. David Wade Chambers alichapisha mwaka 1983 uchambuzi wa michoro ya watoto 4,807. Waliochora mwanasayansi mwanamke walikuwa 28 tu, na wote 28 walikuwa wasichana. Nilitarajia kuona makoti meupe, miwani na nywele zilizotimka, na nikaviona. Kilichonishtua ni kingine. Karibu kila mchoro ulikuwa na mtu mmoja, peke yake. Hakuna anayemuuliza mwenzake kitu, hakuna anayekosea, hakuna anayefuta ubao. Mchoro mmoja haukuwa na mtu kabisa: ulikuwa mlango wa maabara uliofungwa, na chini yake maneno mawili, "yupo ndani".

Kisha mkutubi akaniletea maneno ya msichana mmoja wa benchi la tatu. Siku aliyoichukia fizikia aliikumbuka vizuri. Walikuwa wakijenga saketi, yeye akaunganisha ammita, kifaa cha kupima mkondo wa umeme, sambamba na balbu badala ya mfululizo. Ammita ina ukinzani mdogo sana, kwa hiyo mkondo mkubwa ukapita humo na fyuzi ikakatika. Mwalimu alisema mbele ya darasa, "Kuna watu hugusa kwanza, wakafikiri baadaye." Darasa likacheka. Akamwambia mkutubi: "Tangu siku ile mimi ni mwandishi wa benchi. Kuandika hakuunguzi kitu."

Mwalimu huyo ni mimi. Sikuikumbuka siku hiyo hata kidogo. Nilirudi kwenye madaftari ya maabara ya muhula ule, na kweli, kuanzia tarehe fulani maandishi ya benchi la tatu ni mwandiko wake peke yake, mwanzo hadi mwisho. Nilikuwa nikiyasahihisha kila wiki nikiyasifia kwa unadhifu.

Baada ya hapo nilikaa maabara vipindi sita bila kufundisha, mwenzangu akiongoza, nikihesabu tu nani anashika nini. Kwenye mabenchi mengi mikono iliyogusa waya ilikuwa ya watu walewale wawili. Wengine walisoma maelekezo, walishika saa, walichora jedwali. Kwa lugha ya ratiba wote walikuwa "wamefanya jaribio".

Kwa darasa lililofuata tulibadilisha mambo manne. Niseme wazi kwamba hatukuyapanga kama mpango mmoja wenye jina. Tuliyaongeza kadiri tulivyoelewa.

Kazi za benchini zikawa za zamu: msomaji, mshika vifaa, mwandishi na mpinzani, ambaye kazi yake ni kuuliza "tunajuaje?" kabla jibu halijaandikwa. Zamu ilibandikwa ukutani ili isitegemee ubishi wa siku hiyo.

Kifaa kikiharibika, benchi liliandika nusu ukurasa kueleza mkondo ulipita wapi na kwa nini, na nusu ukurasa huo ulipata alama sawa na jaribio lililofanikiwa. Mwenzangu mmoja aliona tunazawadia uzembe. Hoja yangu ilikuwa kwamba anayeweza kueleza kwa nini fyuzi imekatika anaijua ammita kuliko aliyebahatika kuiunganisha vizuri. Alikubali kwa shingo upande.

Kila baada ya wiki tatu wanafunzi waliandika aya moja kuhusu jambo walilojifunza na mahali linapomgusa mtu wanayemjua. Hili nililichukua kwenye utafiti wa Chris Hulleman na Judith Harackiewicz uliochapishwa katika jarida la Science mwaka 2009: wanafunzi wa sekondari walioandika uhusiano wa masomo na maisha yao walipanda kwa hamu na kwa alama, hasa wale waliotarajia kushindwa.

La nne lilikuwa hadithi. Badala ya kumleta Michael Faraday, mwanafizikia Mwingereza wa karne ya 19, kama sanamu, tulimleta kama mtoto wa mhunzi aliyeanza kujifunza kujalidi vitabu akiwa na miaka 14, ambaye hisabati ilimpa taabu maisha yake yote. Alijaribu zaidi ya mara moja katika miaka ya 1820 kupata umeme kutoka kwenye usumaku, akakosa, na kukosa huko akakuandika daftarini. Alifaulu mwaka 1831. Xiaodong Lin-Siegler na wenzake walionyesha mwaka 2016 kwamba wanafunzi waliosoma jinsi Einstein, Curie na Faraday walivyohangaika walipata alama bora za sayansi kuliko waliosoma mafanikio yao tu, na faida ilikuwa kubwa zaidi kwa wenye alama za chini. Kwetu Faraday alipendwa kwa sababu nyepesi zaidi: mwanafunzi mmoja aliuliza daftari lake lilisahihishwa na nani.

Jambo tulilolikataa lilikuwa pendekezo la kumwalika mwanasayansi mashuhuri. Tukamwalika fundi anayetengeneza mashine za hospitali. Utafiti wa ASPIRES wa Uingereza, ulioongozwa na Louise Archer, ulionyesha kwamba watoto wengi wanaipenda sayansi lakini wanadhani inazaa kazi tatu tu: mwanasayansi, daktari na mwalimu wa sayansi. Fundi wetu hakuwa mzungumzaji hata kidogo. Alifungua pampu ya dawa mezani akaanza kuitafuta hitilafu, akakosea mara mbili mbele yao, na hakuomba radhi kwa kukosea.

Matokeo

Darasa lililofuata lilikuwa na wanafunzi 46. Waliochagua sayansi walikuwa 11, na kati yao wasichana 4. Alama za mtihani wa mwisho wa mwaka hazikusogea kwa kiasi cha kujivunia. Kilichobadilika kwa macho ni madaftari: miandiko minne kwa kila benchi.

Sidai kwamba tulichofanya ndicho kilichozaa 11. Mwaka huohuo alikuja mwalimu mpya wa hisabati ambaye wanafunzi walimpenda, na makundi mawili ya wanafunzi hayawi sawa hata yakiwa shule moja. Idadi zenyewe ni ndogo. Marafiki wanne wakiamua kuchagua pamoja, zinabadilika.

Uchambuzi

Kosa langu la kwanza lilikuwa la kipimo. Nilichanganya vitu visivyochanganyika nikavipa wastani. Barry Fraser alipotunga kipimo chake cha mitazamo ya sayansi mwishoni mwa miaka ya 1970, alikitenga katika skeli saba, yaani vipimo vidogo saba, zenye sentensi kumikumi, na kufurahia vipindi ni skeli moja, kutamani kazi ya sayansi ni nyingine, kuwaona wanasayansi kuwa watu wa kawaida ni nyingine. Zinasomwa kila moja peke yake. Nilipoyarudia madodoso yangu ya zamani na kuyasoma hivyo, jibu lilikuwepo tangu siku ya kwanza: "sayansi ni muhimu" juu kabisa, "nafurahia" juu kiasi, "ningependa kuifanya kuwa kazi" chini. Wastani ulilifunika shimo kwa kulijazia sifa za pembeni.

Na shimo hilo si geni. Mwaka 1957 Margaret Mead na Rhoda Métraux walichapisha uchambuzi wa insha za wanafunzi wa sekondari wa Marekani. Walipoulizwa kwa ujumla, waliisifu sayansi na kusema wanasayansi ni wa lazima kwa taifa. Walipoulizwa kama wangependa kuwa mmoja wao, au kuolewa na mmoja wao, sura ikageuka. Miongo mitano baadaye mradi wa ROSE, ulioanzia Oslo na kuwauliza vijana wa miaka 15 katika nchi nyingi, ulikuta karibu kila mahali wanakubali kwamba sayansi na teknolojia ni muhimu kwa jamii, huku katika nchi tajiri wachache, na hasa wasichana, wakitaka kuwa wanasayansi. Kwa hiyo mwalimu anayekuja kikaoni na takwimu kwamba wanafunzi wake wanaona sayansi ni muhimu hajaleta habari.

Wiki ya sayansi ilishindwa kwa sababu ilijibu swali ambalo wanafunzi hawakuwa nalo. Swali lao halikuwa kama sayansi inafurahisha. Tena, nadhani iliongeza tatizo. Aliyefanya kila kitu ni mwalimu, jukwaani, bila kukosea, na wao wakakaa vitini. Ilikuwa ule mchoro wa mlango uliofungwa, ila safari hii mlango ulikuwa na dirisha la kioo. Ian Abrahams na Robin Millar, waliofuatilia vipindi 25 vya majaribio katika shule za Uingereza na kuchapisha mwaka 2008, waliona kwamba majaribio hufaulu kuwafanya wanafunzi watende jambo lililokusudiwa, lakini hayafaulu sana kuwafanya watumie dhana za kisayansi kulieleza. Povu letu halikufika hata hapo, maana wanafunzi hawakutenda chochote.

Hata hivyo sitaki kulaani makofi. Kuna wanafunzi ambao furaha ya siku moja ni mlango kwao, mradi kesho yake kuna mtu wa kuwapa waya washike. Sisi hatukuwa na kesho yake iliyopangwa.

Zamu za benchini ndizo nitakazozitetea kwa nguvu zaidi. Ni rahisi, hazihitaji fedha, na zinaondoa jambo ambalo hakuna aliyeliamua: mgawanyo wa mikono unaojipanga wenyewe wiki ya kwanza na kuganda. Ila zilichuja. Kufikia muhula wa pili "mpinzani" alikuwa amegeuka mtu wa kugomba, na kwenye benchi moja walikubaliana kuuliza "tunajuaje?" kwa kuimba. Tuliipunguza kazi hiyo hadi swali moja la maandishi kwa kila jaribio.

Aya za uhusiano wa sayansi na maisha ziliharibika mapema zaidi. Wiki ya tatu tu nilipata karatasi kumi na nane zinazoanza na "Sayansi inatusaidia katika maisha yetu ya kila siku". Ni sentensi waliyofundishwa na vitabu vyetu, haina mtu ndani yake. Niliipiga marufuku, nikataka kila aya iwe na mtu mmoja na kitu kimoja kinachoshikika. Waliobaki na la kusema baada ya marufuku hiyo walikuwa pungufu, lakini walisema kweli. Mmoja aliandika kuhusu kifaa cha kusikilizia cha babu yake kinachopiga mluzi mtu akikisogelea, na kwa nini.

Kuhusu yule mvulana mwenye alama za juu aliyechagua lugha: nilimwita, na huko nikakosea tena, maana nilimwita ili nimbadilishe. Alinisikiliza kwa heshima. "Mwalimu, fizikia naipenda," alisema, "ila kuipenda na kuitaka ni vitu viwili." Nimekuja kumkubali. Tukipima kazi yetu kwa idadi ya wanaojaza fomu ya sayansi, tutamhesabu yeye kuwa hasara, wakati yeye alichagua akiwa huru. Msichana wa benchi la tatu hakuwa huru. Fomu zao mbili zinafanana kwenye faili.

Hisabati hatukuigusa. Katika mazungumzo ya mkutubi wanafunzi tisa walisema kilichowatoa ni milinganyo, wala si majaribio, na sisi tukashughulikia majaribio kwa sababu ndiyo tuliyojua kuyashughulikia. Mwalimu mpya alitusaidia bila kujua. Akiondoka, sijui tutasimama wapi.

Msichana wa benchi la tatu alikwenda mchepuo wa biashara, na anafanya vizuri. Mazungumzo ya mkutubi yalikuwa ya siri, kwa hiyo nilimwomba mkutubi amuulize kwanza kama angekubali nizungumze naye. Alikubali. Nilimwomba radhi nje ya maktaba, kwa maneno machache, bila kumweleza sababu zangu. Alisema, "Ilishapita, mwalimu." Kisha akauliza kama ile ammita ilipona. Nikamwambia ilipona kesho yake asubuhi. Ilikuwa fyuzi tu.